Maswali ya Wasomaji: Je, Upo Mswada wa Kale Unaofichua Asili ya Wakati?

Barua nne tulizozichagua kwa toleo hili zinahusu jambo moja, ingawa zimetoka kwa wasomaji wasiojuana. Tumezipanga ili kila jibu lisaidie kulielewa lile linalofuata.

Swali la kwanza

Ndugu Mhariri, mimi ni mwalimu wa sekondari mjini Morogoro. Wanafunzi wangu wa kidato cha sita wanatumiana kwa simu andiko lisemalo kwamba upo mswada wenye umri mkubwa kuliko vitabu vyote vya dunia, ulioandikwa juu ya majani ya jamii ya mitende, na kwamba mwanzoni mwake unaeleza jinsi wakati ulivyokuwa haupo kabla ya ulimwengu, kwa sababu ulikuwa umelala. Andiko hilo linadai kuwa wanasayansi wa leo ndio kwanza wanaufikia ukweli huo. Je, mswada huo upo kweli? Na kama upo, umehifadhiwa wapi?

*Mwalimu, Morogoro*

Jibu

Ahsante, Mwalimu. Maelezo uliyoyatoa yanatosha kulitambua andiko lenyewe. Wanafunzi wako wanasoma beti za kile kinachoitwa Kitabu cha Dzyan, na beti hizo zilijulikana kwa ulimwengu mwaka 1888, pale Helena Petrovna Blavatsky alipochapisha mjini London juzuu mbili za kitabu chake kiitwacho *The Secret Doctrine*. Juzuu ya kwanza inahusu kutokea kwa ulimwengu na ya pili inahusu kutokea kwa binadamu, na zote mbili zimejengwa kama ufafanuzi wa beti hizo, ambazo mwandishi alisema amezitafsiri kutoka katika mswada wa kale kuliko yote.

Swali lako la mahali ulipo lina jibu moja tu: hakuna maktaba, hekalu wala jumba la makumbusho lililowahi kuuonyesha. Bi Blavatsky, aliyezaliwa mwaka 1831 katika mji ambao leo ni Dnipro nchini Ukraine na kufariki London mwaka 1891, anafungua kitabu chake kwa kusema kwamba mkusanyiko wa majani ya jamii ya mitende, yaliyotiwa dawa isiyojulikana hata maji, moto na hewa visiweze kuyadhuru, uko mbele ya macho yake. Lugha ya mswada huo aliiita Senzar. Hakuna mtaalamu wa lugha aliyewahi kuona jiwe, ukuta, sarafu au karatasi yenye neno moja la lugha hiyo, isipokuwa katika maandishi ya Bi Blavatsky na ya watu waliomfuata. Kwa hiyo tulicho nacho mkononi ni Kiingereza cha karne ya 19 kilichotiwa istilahi za Kisanskriti, Kitibeti na Kichina, na mchanganyiko huo mwandishi mwenyewe aliukiri, akisema kuwa maneno ya asili yasingeeleweka kwa msomaji wa kawaida.

Bi Blavatsky alikuwa mmoja wa waasisi wa Jumuiya ya Theosofia, yaani chama kinachofundisha kwamba dini zote zina chemchemi moja ya hekima ya kale, iliyoanzishwa New York mwaka 1875 na baadaye ikaweka makao yake makuu Adyar, katika jiji la India liitwalo Chennai hivi leo. Kuhusu mwenendo wake yalitolewa madai mengi enzi za uhai wake, mengine makali sana, nami sitaki kuyaegemea, kwa kuwa mtu mwenye sifa mbaya anaweza kuwa na mswada wa kweli na mtu mwema anaweza kughushi. Tuangalie maandishi yenyewe. Mwaka 1895 Mmarekani aitwaye William Emmette Coleman alichapisha uchunguzi wa vyanzo vya vitabu vya Bi Blavatsky, akaonyesha kwamba sehemu kubwa ya *The Secret Doctrine* imechukuliwa kutoka katika vitabu vilivyokwisha kuchapishwa wakati ule, kikiwemo kitabu cha kale cha Kihindu kiitwacho Vishnu Purana, kwa tafsiri ya Kiingereza ya Horace Hayman Wilson iliyotoka mwaka 1840. Juu ya beti za Dzyan, Coleman alihitimisha kuwa ni utungo wa Bi Blavatsky mwenyewe uliokusanywa kutoka vyanzo mbalimbali.

Jambo linalonishawishi zaidi, hata hivyo, si hitimisho la Coleman, bali ni wimbo wa kale wa Kihindi ambao Bi Blavatsky aliuweka mbele ya beti zake. Ni wimbo wa 129 katika sehemu ya kumi ya Rigveda, mkusanyiko wa nyimbo takatifu za Wahindu. Huo ni wa kale kweli, na Wahindi wameuhifadhi kwa kuukariri kwa makini ya ajabu kwa zaidi ya miaka elfu mbili. Unasema kwamba hapo mwanzo hapakuwa na kuwepo wala kutokuwepo, hapakuwa na mauti wala kutokufa, hapakuwa na alama ya kutenga usiku na mchana. Msomaji akitoka katika wimbo huo na kuingia katika ubeti wa kwanza wa Dzyan, anasikia sauti ileile ya mambo yaliyokuwa hayapo, moja baada ya jingine, wakati ukiwa mmojawapo. Wafuasi wa Theosofia husema kwamba ufanano huo unathibitisha kuwa vyote viwili vimetoka katika chemchemi moja ya kale. Mimi naona maelezo mepesi zaidi yanatosha: mtunzi alikuwa na wimbo huo mezani kwake, na aliuchapisha yeye mwenyewe.

Kwa hiyo waambie vijana wako kwamba beti wanazotumiana zina umri wa tangu mwaka 1888, na kwamba anayedai zaidi ya hapo ndiye mwenye jukumu la kuuleta mswada.

Swali la pili

Ndugu Mhariri, nasikia siku hizi kuna kipimo cha kaboni kinachotaja umri wa kitu chochote cha kale. Kwa nini wataalamu wasikitumie ili mabishano kama haya yaishe?

*Mwanafunzi wa chuo, Mombasa*

Jibu

Kipimo hicho ni cha kweli na kina manufaa makubwa, lakini kina mipaka miwili ambayo watangazaji wa miswada ya ajabu huinyamazia. Kwanza, kinahitaji kipande cha kitu chenyewe, na Kitabu cha Dzyan hakijawahi kutoa hata unyuzi mmoja wa jani. Pili, kaboni 14 hueleza ni lini mmea au mnyama aliyetoa malighafi alikufa, na haielezi ni lini mtu alishika kalamu.

Tuchukue mfano ambapo kipimo kilisaidia. Katika maktaba ya Beinecke ya Chuo Kikuu cha Yale, Marekani, kuna kitabu cha ngozi kinachoitwa mswada wa Voynich, kwa jina la mfanyabiashara wa vitabu aliyekinunua mwaka 1912. Kimejaa michoro ya mimea, nyota na wanawake wanaooga, na kimeandikwa kwa hati ambayo hadi leo hakuna aliyeisoma kwa namna iliyokubaliwa na wataalamu. Wapo waliodhani Voynich mwenyewe alikighushi, lakini mwaka 2009 vipande vya ngozi yake vilipimwa katika Chuo Kikuu cha Arizona, vikaonekana kuwa vya kati ya mwaka 1404 na 1438. Hatujui kinasema nini, lakini tunajua ngozi yake ilitengenezwa lini. Huo ni ujuzi mdogo, lakini ni wa hakika.

Sasa tuchukue mfano ambapo kipimo hichohicho kingeweza kutupotosha. Mwaka 2012 profesa mmoja wa Harvard alitangaza mjini Rome kipande cha mafunjo chenye maandishi ya Kikoptiki, lugha ya Wakristo wa kale wa Misri, ambamo Yesu anaonekana kumtaja mke wake. Kaboni ilionyesha kuwa mafunjo yenyewe ni ya kale, ya takriban karne ya 7 au ya 8, na wengi wakafikiri kwamba kesi imekwisha. Lakini wasomaji wa Kikoptiki waliona kwamba maneno yameokotwa kutoka katika Injili ya Tomaso, andiko la kale lisilomo katika Biblia, na kuunganishwa upya, na kwamba yamebeba hata kosa la uchapaji lililomo katika nakala ya Injili hiyo iliyowekwa kwenye intaneti mwaka 2002. Kipande kingine kutoka kwa mwenye mali yuleyule kilionekana kunakiliwa kutoka katika kitabu kilichochapishwa mwaka 1924, mstari kwa kuruka mstari. Aliyeghushi alipata mafunjo makuukuu yasiyo na maandishi akaandika juu yake. Mwaka 2016 profesa huyo alikubali hadharani kwamba ushahidi unaelekea upande wa kughushi.

Ndiyo maana wataalamu hawaegemei kipimo kimoja. Huangalia wino, umbo la herufi, msamiati, na zaidi ya yote historia ya umiliki, yaani nani alikuwa nacho, akampa nani, na mwaka gani. Kwa miaka mingi Chuo Kikuu cha Michigan kilijivunia karatasi moja iliyosemekana kuwa ya mkono wa Galileo, yenye kumbukumbu za usiku kwa usiku za miezi ya sayari Jupiter mwezi Januari 1610. Mwanahistoria Nick Wilding aliitilia shaka, akauliza juu ya alama ya maji iliyomo ndani ya karatasi, ile inayoonekana ukiinua karatasi mbele ya mwanga. Herufi za alama hiyo zilionyesha kuwa karatasi ilitengenezwa Bergamo, Italia, na hakuna karatasi yenye alama hizo inayojulikana kabla ya mwaka 1770, ilhali Galileo alifariki mwaka 1642. Mwaka 2022 chuo hicho kilitangaza wazi kwamba hazina yake ni ya kughushiwa, na kwamba inaelekea ni kazi ya Tobia Nicotra, mghushi wa Milano aliyehukumiwa mwaka 1934. Nakipongeza chuo kile kwa dhati, kwa sababu taasisi nyingi zingeificha habari ya namna hiyo.

Kuhusu msamiati, njia hiyo ni kongwe kuliko maabara zote. Mwaka 1440 msomi wa Italia, Lorenzo Valla, alithibitisha kuwa hati iliyodaiwa kuwa ya Kaisari Konstantino, iliyompa Papa mamlaka juu ya nchi za magharibi, haikuweza kuandikwa katika karne ya 4, kwa sababu Kilatini chake kina maneno na vyeo ambavyo Warumi wa zama zile hawakuvitumia hivyo. Valla hakuhitaji chombo chochote, ila alihitaji kuwa na maneno ya lugha ya asili mbele yake. Mswada unaotufikia kwa tafsiri pekee, bila asili yake, umejikinga na uchunguzi wa namna hiyo tangu mwanzo.

Swali la tatu

Mheshimiwa Mhariri, mimi ni mzee mstaafu. Nimeyasoma maneno hayo ya wakati kulala, nayo yamenigusa. Yanasema pia kwamba ulimwengu huamka na kulala kwa vipindi vya miaka 4,320,000,000, hesabu iliyo karibu sana na umri wa dunia unaotajwa na wanasayansi. Kama maneno ni mazuri na hesabu inakaribiana na ukweli, kuna hasara gani yakiitwa ya kale?

*Msomaji, Bukoba*

Jibu

Shikamoo, Mzee wangu. Kuguswa na maneno si kosa, wala sina nia ya kukuondolea uzuri ulioupata. Lakini hasara ipo, na inaonekana vizuri zaidi tukianza na hesabu uliyoitaja.

Miaka 4,320,000,000 haikutoka katika Dzyan. Ni kalpa, yaani mchana mmoja wa Brahma, mungu muumbaji wa Wahindu, na imo katika Vishnu Purana na katika vitabu vya falaki vya Wahindi ambavyo mtu yeyote anaweza kuviona. Inajengwa kwa kuzidisha: zama ya mwisho, Kali Yuga, ina miaka 432,000, ikizidishwa kwa kumi inatoa mzunguko wa zama nne, miaka 4,320,000, na mizunguko elfu moja ni kalpa. Usiku wa Brahma una urefu uleule. Huu ni ujenzi wa fikra wenye ujasiri mkubwa, uliofanywa na watu waliothubutu kufikiri kwa mabilioni wakati mataifa mengine yalihesabu umri wa dunia kwa maelfu machache, nami nawastahi kwa hilo. Umri wa dunia, kwa upande wake, ulipatikana kwa kupima. Mwaka 1956 mwanasayansi Clair Patterson alilinganisha aina za madini ya risasi yaliyomo katika vimondo, akapata takriban miaka bilioni 4.55, na vipimo vilivyofuata havijaibadilisha sana hesabu hiyo. Namba mbili zimekaribiana, lakini moja inataja mchana unaorudiarudia bila mwisho na nyingine inataja umri wa mawe.

Na hapa ndipo hasara ilipo. Hesabu hiyo inapotajwa kuwa siri ya mswada usioonekana, Wahindi walioitunga na kuihifadhi wananyang'anywa haki yao. Vilevile ule wimbo wa Rigveda niliomtajia Mwalimu wa Morogoro una mwisho ambao beti za Dzyan hazina: baada ya kuuliza ulimwengu umetoka wapi, unasema kwamba yule anayeutazama kutoka mbingu ya juu kabisa ndiye anayejua, au pengine hata yeye hajui. Nimeusoma mstari huo mara nyingi, na kila mara nashangazwa na uaminifu wake. Beti za mwaka 1888 zinatoa jibu pale ambapo mtunzi wa kale alikuwa na uthabiti wa kuliacha swali wazi. Anayesoma nakala ya kuigiza akidhani ndiyo asili, anaikosa asili iliyo bora kuliko hiyo.

Hali ni hiyohiyo kwa dai kwamba sayansi ndiyo kwanza inafikia wazo la wakati kuwa na mwanzo. Mtakatifu Augustino, Mwafrika wa Kaskazini aliyezaliwa Thagaste, katika nchi inayoitwa leo Algeria, aliandika kati ya mwaka 397 na 400 kwamba wakati wenyewe ni kiumbe, na kwa hiyo haina maana kuuliza Mungu alikuwa akifanya nini "kabla" ya kuumba, kwa sababu hapakuwa na kabla. Aliyasema hayo katika kitabu cha kumi na moja cha *Maungamo*, humohumo alimokiri kwamba anajua wakati ni nini asipoulizwa, na akiulizwa hawezi kueleza. Hatuna karatasi ya mkono wake. Nakala kongwe iliyobaki, iliyoko Rome, ni ya karibu karne ya 6, na kila mtaalamu analisema hilo waziwazi. Miswada ya kweli ndivyo ilivyo mara nyingi: imechelewa, imenakiliwa, ina makosa ya wanakili, lakini inajulikana ilipo.

Umri wa uongo pia huzoesha watu kuamini bila kupima. Nchini India kulitokea andiko juu ya ndege za kale, Vaimanika Shastra, lililonasibishwa na mwenye hekima Bharadvaja. Mwaka 1974 wahandisi wa Taasisi ya Sayansi ya India, Bangalore, walilichunguza, wakaona halikuandikwa kabla ya mwaka 1904, na kwamba vyombo vilivyochorwa humo visingeweza kuruka. Bado hadi leo wapo wanaolinukuu kwa fahari, huku kazi halisi za wanahisabati wa kale wa nchi hiyohiyo zikikosa wasomaji. Sipendi tufanye hivyo na sisi.

Swali la nne

Ndugu Mhariri, marehemu babu alituachia daftari la falaki lililoandikwa kwa herufi za Kiarabu. Lina majedwali ya miongo, hesabu za Nairuzi na majina ya nyota. Kuna mtu amekuja akasema ni la zaidi ya miaka elfu moja na kwamba lina siri za wakati, naye anataka kulinunua. Tufanye nini?

*Msomaji wa kike, Wete, Pemba*

Jibu

Dada yangu, msiuze kwanza. Daftari la karatasi lenye umri wa miaka elfu moja katika hali ya hewa ya pwani yetu, yenye unyevu, chumvi na mchwa, lingekuwa ajabu kubwa, na miswada ya Kiswahili inayojulikana na wataalamu kwa sehemu kubwa ni ya karne ya 18 na ya 19. Lakini hilo lisiwavunje moyo hata kidogo. Mlicho nacho kinaweza kuwa na thamani kubwa kuliko hadithi ya mnunuzi, kwa sababu ni maandishi ya kweli juu ya namna watu wetu walivyohesabu wakati.

Nairuzi ni siku ya kwanza ya mwaka wa jua wa pwani yetu. Mwaka huo una siku 365, umegawanywa katika miongo 36 ya siku kumi kumi, na siku tano zinabaki. Manahodha waliujua msimu wa kusi na wa kaskazi kwa kutaja siku ya mwaka huo, na wakulima walijua lini wapande, jambo ambalo kalenda ya mwezi pekee isingewapa. Kwa kuwa haiongezwi robo siku, Nairuzi husogea nyuma kwa siku moja kila baada ya miaka minne ikilinganishwa na kalenda ya kawaida: katikati ya karne ya 19 iliangukia mwezi Agosti, na sasa sherehe yake, Mwaka Kogwa, hufanyika Makunduchi, Unguja, mwezi Julai. Jambo hili linawasaidia moja kwa moja. Ikiwa jedwali la babu linataja tarehe ya Hijria ambayo Nairuzi iliangukia, mtu anayejua hesabu anaweza kuupata mwaka ambao jedwali lilitengenezwa.

Asili ya Nairuzi ni ya Waajemi. Mwanazuoni Al-Biruni, aliyezaliwa mwaka 973, aliandika mnamo mwaka 1000 kitabu juu ya kalenda za mataifa, akaeleza jinsi mwaka wa Kiajemi wa siku 365 unavyopungukiwa na robo siku, na jinsi walivyokuwa wakiongeza mwezi mzima baada ya miaka 120 ili kurekebisha. Nakala moja ya kitabu hicho, iliyopambwa kwa picha na kumalizika mwaka 1307, iko katika maktaba ya Chuo Kikuu cha Edinburgh. Nataja hilo kwa sababu aliyekuja kwenu anatafuta siri, ilhali daftari la babu limo katika mlolongo wa elimu unaojulikana, na hiyo ndiyo heshima yake.

Anzeni kwa kutazama ukurasa wa mwisho, ambapo mnakili kwa kawaida huandika tamati, jina lake na tarehe. Inueni karatasi moja mbele ya dirisha bila kuikunja, mtazame kama kuna alama ya maji. Hilali tatu, yaani miezi michanga, zilizopangwa mstari mmoja ni alama ya karatasi za Italia zilizouzwa sana katika nchi za Waislamu. Pigeni picha kila ukurasa, hata ulio mtupu, kwa mpangilio. Msibandike utepe wa gundi, msilifunike kwa plastiki ya moto, na asitokee kijana wa kuyapitia kwa kalamu ya wino maneno yaliyofifia. Lifungeni kwa kitambaa safi cha pamba, mliweke kwenye sanduku kavu mbali na sakafu. Andikeni pia, kwa mkono wa mtu mzima anayekumbuka, babu alilipata kwa nani na alilitumiaje. Kisha lipelekeni likaonwe na wataalamu wa nyaraka mjini Zanzibar, mkibaki nalo ninyi wenyewe hadi familia nzima itakapokaa na kukubaliana.

Na yule mnunuzi akirudi, mwombeni aonyeshe ni tamati ipi, alama ipi au hesabu ipi iliyomfikisha kwenye miaka elfu moja.